Unataka kutangaza michezo kwenye TV? Nionyeshe kwanza masikio yako

Kila wiki lazima nikute meseji za "dada nifanyeje na mimi nifike hapo ulipo", na nyingi zinakuja na klipu, kijana kasimama mbele ya kioo chumbani kwake anatangaza kwa sauti nzito kama dalali wa mnadani. Sauti anayo, koti kaazima, mbwembwe zipo. Mi huwa namuuliza swali moja tu, masikio unayo? Wengi wanadhani nawatania, wengine wamenuna kabisa.

Sa ngoja nieleze. Ukikaa studio unavaa kidude sikioni, tunakiita eapisi, na humo ndani kuna prodyuza anaongea na wewe muda wote, yaani muda WOTE, wakati huohuo na wewe unaongea na watu waliokaa sebuleni kwao wanakula. "Nusu dakika kabla ya tangazo... mgeni wa simu hapatikani, ruka... malizia, malizia, kumi, tisa, nane..." Na sentensi yako inatakiwa iishe kwenye moja. Ikiishia kwenye nne unabaki unaikodolea kamera macho kama mtu aliyesahau funguo, ikizidi unakatwa katikati ya neno. Wiki yangu ya kwanza hewani nasoma matokeo ya ligi kuu, prodyuza kaniambia ruka ya Mbeya picha hazijafika, basi mimi nikaitikia kwa sauti na kwa adabu zote, "sawa kaka, nimekuelewa". Laivu. Mchambuzi niliyekaa nae akashtuka, "mimi?" Ile klipu mpaka leo inazunguka kwenye magrupu, shemeji yangu kaifanya mlio wa simu.

Dawa yake niliipata nyumbani na haikunigharimu hata mia. Nilikuwa naweka spika moja ya simu sikio la kushoto, nafungulia taarifa ya habari ya redio, mkononi nashika gazeti la michezo nalisoma kwa sauti, mume wangu kakaa kwenye kochi ananihesabia kwa vidole kutoka kumi kushuka. Siku za mwanzo ilikuwa vichekesho, kuna jioni nilisoma kwamba beki mpya wa Coastal Union anatarajiwa kuleta mvua za wastani ukanda wa pwani. Mume wangu alicheka mpaka akashindwa kuhesabu. Ila miezi miwili baadae ubongo ukajigawa wenyewe, sijui hata nielezeje, upande mmoja unapokea upande mwingine unatoa. Anza leo usisubiri chuo.

Chuo nacho nenda lakini, sikudanganyi. Tangu ije ile Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 na kanuni zake mambo ya vyeti na ithibati si ya kuchezea, bila kitambulisho cha uandishi utaishia getini na wauza karanga.

Kusikiliza kwenyewe si eapisi tu. Kuna kosa nililifanya ambalo linaniuma kuliko lile la "sawa kaka". Nilikuwa uwanja wa mkoani, mechi imeisha, timu ya nyumbani imefungwa, nimemdaka kocha pembeni ya uwanja. Nina karatasi yangu ya maswali matano nimeyaandika vizuri tangu asubuhi hotelini. Nikauliza la kwanza, kocha akajibu, katikati ya jibu akasema nawashukuru mashabiki kwa miaka hii miwili mimi naishia hapa. Na mimi macho yapo kwenye karatasi, nikamrukia na swali la pili, "asante kocha, mchezo unaofuata mnasafiri, maandalizi yakoje?" Akaniangalia, jasho linamtiririka, wala hakukasirika, akasema taratibu "dada, nimesema naondoka". Habari kubwa ya wiki nzima nimepewa mimi mkononi nikaidondosha, na waliokuwa wananiangalia nyumbani wote wameisikia isipokuwa mimi. Usiku ule sikula. Toka siku hiyo siandiki maswali, naandika maneno matatu kwenye kiganja, "kipa, kadi, safari", basi, mengine nayatoa mdomoni kwa mtu mwenyewe.

Alafu kuna suala la kunyamaza. Wengi wetu tumekulia kwenye redio, mimi nimekua na sauti ya marehemu Charles Hilary ikitoka kwenye redio ya baba, na redioni ni lazima umchoree msikilizaji kila kitu, mpira uko wapi nani kaanguka jua linapiga upande gani. Sasa mtu anakuja na mtindo uleule kwenye TV. Tunaona bwana! Tunaona kwamba kapiga kona. Niambie nisichokiona, kwamba huyu mpiga kona ni mguu wa kushoto na wiki iliyopita goli lilipatikana hapohapo, na kama huna cha kuniambia acha kelele za uwanja zifanye kazi. Kwa Mkapa watu elfu 60 wakiimba wewe unaongea ya nini?

Timu. Hapa ndo penye moto. Bongo hakuna atakayeamini huna timu, hata mama mkwe wangu kila Idi ananiuliza kwa kuninong'oneza jikoni "mwanangu, niambie mimi tu". Simwambii. Yanga alipompiga Simba 5-1 Novemba 2023 mi nilikuwa studio, na kesho yake upande mmoja wananiambia nilikuwa nacheka, upande mwingine wananiambia nilinuna kama nimefiwa, mechi hiyohiyo, sura hiyohiyo. Nikajua nimepatia. Ukiwa mwanamke ndo utapimwa zaidi, utaulizwa offside kama mtihani wa darasa la saba, jibu mara moja kwa ufupi kisha endelea na kazi, usijieleze.

Na sheria za mashindano zisome kweli, usitegemee mchambuzi. Mnakumbuka fainali ya Kombe la Shirikisho Afrika 2023, Yanga kafungwa 2-1 hapa Dar na USM Alger, kaenda kule Algiers kashinda 1-0, na kombe kakosa? Simu zilizoingia usiku ule, jamani, "si tumeshinda, kombe letu liko wapi". Kuna watu hata kwenye fani yetu walikuwa wanasema goli la ugenini, yaani mkilingana jumla anabeba aliyefunga mengi ugenini, lilishafutwa. Lilifutwa na UEFA wa Ulaya mwaka 2021, CAF wa Afrika walikuwa bado wanalo. Jumla ilikuwa 2-2, Waarabu magoli mawili ugenini, Yanga moja, basi. Ni maelezo ya sekunde kumi na tano, lakini uwe nayo kichwani kabla hujawashiwa taa.

Hela? Ya kawaida. Jina litakuwa kubwa kuliko mshahara kwa muda mrefu, watu watakuona kwenye daladala wakushangae, "we si yule wa kwenye TV?" ndiyo ni mimi, nisogezee begi nikae. Wengi tunajazia na uemsii wa harusi na matangazo. Kitu nisichofanya ni kutoa mikeka, yaani utabiri wa mechi za kubeti. Inbox yangu imejaa "dada nipe mkeka wa leo", mkeka wa mtu ukichanika kwa neno lako wewe umeshakwisha, hata ukisema ukweli atakusikia kama muongo. Na bahasha za kusifia mchezaji ili auzike, hizo zipo, zirudishe hukohuko.

Mwisho majina. 2027 AFCON, kombe la mataifa ya Afrika, inachezwa kwetu Tanzania, Kenya na Uganda, mtu yeyote anayejifunza kazi hii leo anaweza kupata nafasi maana vituo vitahitaji watu wengi. Watakuja kina nani sijui wa Mali, wa Algeria, wa Burkina Faso, na wewe utawasoma kama ulivyoona imeandikwa? Pacôme Zouzoua wa Yanga alipofika hapa nilisikia jina lake likitamkwa kwa namna nne kwenye wiki moja. Mi huwa naenda mazoezini namsogelea mchezaji mwenyewe, namuomba atamke jina lake kwenye simu yangu mara mbili. Nina folda nzima ya sauti hizo, asubuhi ya mechi nazisikiliza jikoni huku naosha vyombo. Hakuna hata mmoja aliyewahi kunikatalia, wengine wananipigia picha ya ukumbusho kabisa, na wakishakujua hivyo hata mechi ikiisha vibaya wanasimama uwahoji, wenzako wanapitwa tu.