Kutoa namba mchanganyiko: ile moja unayoazima si kumi

Juzi usiku mama mmoja msomaji wangu alinitumia picha ya daftari la mwanawe wa darasa la tano. Swali lilikuwa la namba mchanganyiko, yaani nzima pamoja na sehemu: 5 1/4 − 2 2/3. Mtoto alitafuta KDS (kigawe kidogo cha shirika, yaani namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa zote mbili) ya 4 na 3 vizuri kabisa, akapata 12, akaandika 3/12 na 8/12. Tatu kutoa nane haiwezekani, akaazima moja kwenye tano. Hapo akaandika 13/12, jibu likawa 2 5/12. Pembeni kuna alama ya kosa kwa kalamu nyekundu, basi, hakuna neno lolote.

"Mwalimu, shikamoo. Huyu ana shida gani? Hata tuisheni anakwenda."

Marahaba, dada yangu. Mwanao hana shida. Tangu madarasa ya chini ameambiwa kwamba ukiazima moja unapata kumi, na kwenye 52 kutoa 38 ni kweli, maana moja ile imetoka kwenye makumi. Huku imetoka kwenye namba nzima. Nzima moja ikikatwa vipande vya asili ya 12 (asili ni namba ya chini ya sehemu) inatoa vipande 12, si kumi. Kwa hiyo 3/12 inakuwa 15/12, tano inabaki nne, jibu ni 2 7/12. Alichokosa ni vipande viwili tu!

Picha ile imenigusa penye kidonda. Baba yangu alikuwa seremala, na mimi ndiye niliyemshikia futi kamba. Ubao una inchi 20 na robo, anataka kukata 12 na nusu. Hakuandika kitu. Alichukua inchi moja kwenye ile ishirini, akaihesabu robo nne, akaongeza na robo iliyokuwepo zikawa tano, akatoa mbili. Inabaki 7 na robo tatu, na penseli imeshapita juu ya mbao.

Shuleni tukapewa 48 3/8 − 29 5/6. Nikafanya kama baba: KDS ni 24, sehemu zikawa 9/24 na 20/24, nikaazima moja nikapata 47 33/24, jibu 18 13/24. Jibu sahihi. Nikakoseshwa kwa sababu sikubadili kuwa sehemu guni, yaani sehemu ambayo namba ya juu inazidi ya chini, nikasimamishwa mbele ya darasa na kuitwa mvivu. Nimekuwa mtu mzima, nina watoto wangu, na bado inaniuma.

Njia ya sehemu guni si mbaya. Kwa namba ndogo ni nzuri. Lakini hebu jaribu swali lile: 387/8 kutoa 179/6, kisha 1161/24 kutoa 716/24, unapata 445/24, halafu uanze kugawanya upate nzima. Mtoto wa miaka kumi na moja ana nafasi ngapi za kuteleza humo? Wanaosoma kibarazani kwangu huanza na kuazima, na nasema kwa fahari, hawaogopi swali la kutoa.

Kujumlisha hakuna mengi. Nzima kwa nzima, sehemu kwa sehemu baada ya KDS, na kiasi, yaani namba ya juu, kikizidi asili unapeleka moja upande wa nzima: 2 3/4 + 1 5/6 inaleta 3 na 19/12, yaani 4 7/12.

Walimu wenzangu, someni kazi ya mtoto mstari kwa mstari kabla ya kuweka alama. Wazazi, acheni fimbo na acheni kumwambia mtoto kwamba hesabu si zake. Mwulizeni, "Hii moja uliyoazima ina vipande vingapi?" Mwulizeni kila mara, mpaka aanze kujiuliza mwenyewe. Kidato cha kwanza atazikuta sehemu hizi hizi kwa Kiingereza, tena baadaye zikiwa na herufi badala ya namba, na hapo hakuna atakayerudi nyuma kumfundisha kuazima.

Dada, leo jioni mpe 7 1/6 − 3 3/4, na usimsaidie. Akileta 3 5/12, ameelewa. Akileta 4 7/12, ametoa sehemu ndogo kwenye kubwa kwa kukwepa kuazima. Akileta 3 1/4, bado anaazima kumi. Kaa naye, mchoree mstatili mmoja, mkate pamoja vipande 12, avihesabu kwa kidole.