Kuku wa Kigiriki katoka mweupe, nimekosea wapi?

SWALI: Shikamoo shangazi. Niko Ngamiani, Tanga. Juzi nikajaribu kuku na mbatata za kuoka za Kigiriki, nikatia maji vikombe vitatu nikafunika na foili, oveni 150 saa nzima, mbatata zikawa uji na kuku mweupee, mume wangu kaniuliza nani anaumwa humu ndani!

JIBU: Marahaba mwanangu, pole ila nimecheka. Hukuoka wewe, umechemsha. Foili toa, maji nusu kikombe tu yanatosha, na oveni iwe 200 ishapata moto kabla hujaingiza trei. Mbatata kata vipande virefu vinene uzitandaze zisibebane, changanya limao, saumu, chumvi, oregano (yale majani makavu ya kiungo) na mafuta ya zeituni, mapaja ya kuku yakae juu yake ngozi ikitazama juu, basi saa na robo hivi, mbatata ugeuze mara moja katikati. Binzari na tangawizi iachie pilau. Kuku wa kienyeji lakini mchemshe kwanza, la sivyo mtatafuna mpaka alfajiri. Umeme ukikatika palia mkaa juu na chini kama mkate wa kumimina, mi mwenyewe ndo navyofanya.