Mwanangu, kuhusu hiyo taasisi yako

Mwanangu,

Marahaba. Sisi hatujambo. Presha ya baba yako imetulia, ila miguu ni ileile. Ujumbe wako niliusikiliza jana usiku, nikaurudia alfajiri kabla wajukuu hawajaamka. Unauliza: ukiiuza hiyo kampuni yako ya kupeleka walezi kwa wazee huko Leicester, Uingereza, ukarudi Korogwe na hela yako ukaanzisha taasisi ya kusaidia watoto wa shule, watu watakupokeaje?

Hilo halina ugumu. Watakupokea kwa ngoma. Watu wetu hawajawahi kushindwa kumpokea mtu anayeleta. Mimi nina swali jingine, na ndilo nitakalojibu, kwa sababu ndilo lililonikosesha usingizi: hivyo vitu utakavyogawa, utanunua kwa nani?

Usicheke. Unajua ninakoelekea. Ulikuwa darasa la sita, lakini nina hakika umebaki na nusu tu ya habari ile.

Mwaka 2001 serikali ilifuta ada ya shule za msingi, ule Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi, MMEM. Januari 2002 madarasa yalifurika, watoto wa miaka tisa na kumi wakaandikishwa darasa la kwanza. Ada ilifutwa, sare haikufutwa. Sisi mafundi wa barazani pale Manundu tuliona neema imetushukia. Mwaka mzima mtu anakuletea zipu iliyokatika na suruali ya kupunguza kiuno, basi. Januari ndiyo inayolipa kodi ya chumba. Nikaenda duka la vitambaa, nikachukua majora ya tetroni, bluu na nyeupe, kwa mali kauli. Nikakata sketi za marinda usiku kwa taa ya chemli, na wewe ndiye uliyekuwa ukinishonea vifungo vya mashati, ukisinzia.

Kisha akaja yule bwana. Simtaji, ndugu zake tunasali nao msikiti mmoja. Alikuwa ametajirika Ulaya, akaamua kukumbuka kwao. Alikuja na lori la sare zilizoshonwa tayari, kila moja ndani ya mfuko wake wa nailoni, akazigawa uwanja wa shule, bure. Na kwa kuwa nilikuwa kwenye kamati ya shule, mwalimu mkuu akanifuata nitoe neno la shukrani kwa niaba ya wazazi.

Nikalitoa. Nilivaa kile kitenge cha harusi ya shangazi yako, nikasimama mbele ya watu, nikashukuru vizuri mpaka akina mama wakapiga vigelegele. Nyumbani sketi zangu zimepangwa juu ya kabati mpaka zinagusa dari. Alipomaliza kupiga picha akanishika mkono kwa mikono yake miwili, akaniuliza, "Mama, unajishughulisha na nini?" Nikamwambia mimi ni fundi cherehani. Akasema, "Safi sana mama, endelea hivyohivyo."

Endelea hivyohivyo! Baba yako anasema miaka yote hii ningekuwa nimeshasahau. Basi sijasahau.

Sasa niseme haki. Wale watoto wa marehemu jirani yetu wa nyuma walikuwa hawaendi shule kwa kukosa sare, na siku ile walipata. Niliwaona kesho yake wakipita njiani, shati limemfika mdogo magotini. Je, nilitaka wabaki nyumbani ili mimi niuze sketi? Hapana. Nimejiuliza sana na jibu ni hapana. Lakini mbona jambo jema halikuweza kufanyika bila kunipita mimi kama jiwe la njiani?

Na hujui yaliyofuata, kwa sababu nilikuwa nawaficha. Kufika Machi zipu zilianza kufa. Akina mama wakaniletea zilezile sketi za bure nizitengeneze. Nikazigeuza ndani nje nikaona mambo: mishono imepita mara moja tu, marinda hayakupigwa pasi yakashika, na pindo la chini jembamba kama uzi wa kiatu. Sketi ya fundi ina pindo la vidole vinne. Mtoto akirefuka, mama anakuja, unaachia kidogo, anavaa mwaka mwingine. Ile ya yule bwana mtoto akirefuka ndiyo imekwisha. Kila mama aliliona hilo, na hakuna aliyemwambia. Angemwambia kwa mdomo gani, hakulipa? Mtu akinunua kwako anaweza kukugombeza. Akipewa anabaki kushukuru. Najua kaka yako ameshalikariri hili na ananiigiza nikilisema. Aniigize. Mimi wateja wangu wamenigombeza tangu siku niliyokalia cherehani, na kila ninachojua kuhusu kola nimekijua kwa kugombezwa.

Deni la majora nililimaliza kulipa baada ya Idi. Tuyaache hayo.

Habari za yule Mghana uliyenitumia, Patrick Awuah, mdogo wako alinisomea zote. Aliondoka kwao 1985 kwenda kusoma Marekani, akafanya kazi Microsoft, akaacha, akarudi Ghana, na mwaka 2002, mwaka uleule wa sketi zangu, akafungua chuo cha Ashesi kwa wanafunzi 30 ndani ya nyumba ya kupanga Accra. Tangu 2011 kina majengo yake kule Berekuso. Wewe kilichokuvutia ni kwamba alirudi. Mimi kilichonivutia ni kwamba anatoza ada. Mwenye uwezo analipa, asiye nao anatafutiwa ufadhili, lakini kitu kina bei, na mzazi ana pa kusimama akiuliza mwanangu anafundishwa nini. Na ile habari ya wanafunzi kufanya mtihani bila msimamizi, wakaaminiwa wao wenyewe! Hiyo niliomba nisomewe mara ya pili.

Huyo mwingine, Mo Ibrahim wa Sudan, ni hadithi nyingine. Ameuza kampuni yake ya simu 2005, mwaka uliofuata akaanzisha taasisi, na sasa anatoa zawadi ya dola milioni 5 kwa marais wa Afrika waliotawala vizuri na kuondoka kwa muda wao. Chissano wa Msumbiji alipata ya kwanza 2007, na miaka mingine wanakosa wa kumpa. Sawa. Mimi sikuwahi kuwa rais, zawadi hiyo haitanifikia. Lakini kampuni aliyoiuza ni Celtel, ambayo imebadilishwa majina mpaka leo tunaiita Airtel, na hiyo ilinifikia. Nilinunua laini, nikawa nanunua vocha kama mtu mwingine yeyote, na nisipopendezwa nahamia mtandao mwingine. Akina mama wa Mombo na Handeni wakaanza kunisomea vipimo kwa simu, kiuno, urefu, upana wa bega, mimi naandika kwenye daftari na sare inakwenda kwa basi. Umesahau jinsi tulivyochekana na yule aliyenipimia mtoto kwa shubiri? Mo Ibrahim alinisaidia bila kujua kama nipo duniani, na hakuna aliyenivalisha kitenge nikamtolee shukrani.

Ndiyo, najua utasemaje. Biashara haimfuati asiye na hela. Wale watoto wa jirani hawakuwa na ya vocha wala ya sketi, na kama tungengoja soko liwafikie wangekuwa wazee. Hapo baba yako hunishinda kila tukibishana. Anasema, "Ulitaka bwana wa watu afanyeje, aje na hela arudi nayo?" Namjibu: angekuja na hela ileile, akatununulia kitambaa, akatulipa ufundi, na watoto wakavaa. Anasema mngemchelewesha, mafundi na "njoo kesho" yenu, shule ingefunguliwa na kufungwa. Na kweli tunajulikana kwa hilo.

Halafu kuna pasipoti. Umeshachukua ya Uingereza, na sheria yetu hairuhusu mtu mzima uraia wa nchi mbili. Utafika kwenu ukagongewa muhuri kama mgeni. Umelifikiria, au umefikiria ngoma tu?

Urudi au usirudi, nimemwahidi baba yako sitasema. Ninalo jibu, na linaniwasha. Nikisema njoo, utadhani ni upweke wangu unaokuita. Nikisema kaa, utalia usiku ukidhani hutakiwi. Kwa hiyo sisemi. Nasema hili tu: hao wazee wa huko unaopeleka walezi kwao, wanalipa au wanalipiwa, na mlezi akichelewa simu yako hailali. Ulinisimulia mwenyewe yule bibi aliyekurudishia chai kwa sababu uliweka maziwa kabla ya kumuuliza. Ulikasirika wiki nzima, kisha ukaanza kuwauliza wote. Kampuni unayotaka kuiuza imejengwa na bibi yule. Ukiwa na taasisi, nani atakurudishia chai?

Kabla hujauza chochote, omba ruhusa uje Januari. Usije Desemba, Desemba kila mtu ni mwema. Njoo wiki ya kufungua shule, ukae barazani na yule binti niliyemwachia cherehani, umkatie nyuzi, usikilize wazazi wanavyobishania bei. Usimwambie mtu kwamba una hela. Kaka yako anasema nauli hushuka sikukuu zikipita, angalia mapema. Na dawa ya macho ya baba yako inakaribia kwisha, ile yenye kizibo cha bluu, siyo uliyoleta mwisho.

Mama yako