Maswali na Majibu: Tundra, Taiga na Sisi wa Ikweta

Tumefundishwa kwamba tundra, nchi baridi ya kaskazini ya mbali isiyo na miti mirefu, hupata mvua kidogo kama jangwa. Mbona picha zake zimejaa madimbwi na vinamasi? (Mwanafunzi, Kisumu)

Ulivyofundishwa ni kweli: sehemu nyingi za tundra hupata chini ya milimita 250 za mvua na theluji kwa mwaka, ilhali Kisumu hupata zaidi ya 1,000. Jibu limo ardhini. Ukichimba Siberia ya kaskazini mwezi wa Julai, utapita kuvumwani laini, kisha tope jeusi lenye baridi kali, na kabla hujafika mbali jembe litagonga udongo ulioganda kama sakafu ya saruji, ambao hauyeyuki mwaka nenda mwaka rudi. Maji hayana pa kupenya, na kwa kuwa hewa ni baridi hayakauki upesi, hivyo hata mvua haba hutuama. Mizizi nayo haiwezi kushuka, ndiyo maana mierebi ya huko hutambaa, mingine isifike hata gotini.

Je, kileleni mwa Mlima Elgon ni tundra? (Msomaji, Kitale)

Hapana, ingawa mtu aliyetetemeka huko alfajiri ana haki ya kuuliza. Elgon una kimo cha mita 4,321, lakini uko karibu na Ikweta, kwa hiyo mchana wake ni wa takribani saa 12 mwaka mzima na baridi yake kali ni ya usiku. Senesio kubwa, mmea wa huko juu mlimani, hufumba majani jioni kukizunguka kichipukizi kisigande, kisha huyafumbua jua linapochomoza. Katika tundra ya kaskazini ya mbali, jua hukaa majuma kadhaa bila kuchomoza, na wakati wa joto hukaa vivyo hivyo bila kutua.

Miti yote ya taiga, msitu wa nchi za baridi ulio kusini mwa tundra, huwa kijani mwaka mzima? (Msomaji, Kakamega)

Mingi, si yote. Lariksi, mti uliotapakaa Siberia ya mashariki, hupukutisha majani yake membamba kabla ya majira ya baridi.

Nchi hizo zinatuhusu nini sisi wa Nakuru? (Mzazi, Nakuru)

Zinawahusu sana. Mwezi wa Januari, tazameni matope ya ukingoni mwa ziwa: miongoni mwa ndege waitwao vitwitwi wanaodonoadonoa hapo kuna wadogo wasiofika gramu 50, ambao huzaliana katika tundra, mbu na wadudu wengine wanapofurika huko, kisha husafiri maelfu ya kilomita kuja kwetu. Kwa hiyo kuhifadhi ukingo wa ziwa pekee hakutoshi kuwalinda ikiwa tundra wanakotagia itaharibika.