Charley Bowers, mchekeshaji aliyeangua magari
Uliuliza kama, tukiwaweka kando Chaplin na Keaton, yupo mchekeshaji wa filamu zisizo na sauti aliyesahauliwa bila kustahili. Mimi ningemtaja Mmarekani Charley Bowers. Alianzia kwenye katuni, ambako alishiriki kutengeneza mfululizo wa Mutt and Jeff, kisha mwaka 1926 akaanza kuigiza katika filamu fupi zake mwenyewe, akichanganya watu halisi na vikaragosi vilivyosogezwa kidogo kidogo na kupigwa picha moja baada ya nyingine. Katika Egged On, ya mwaka huohuo, anaunda mtambo wa kufanya mayai yasivunjike; mayai yaliyowekwa karibu na injini yanapata joto, yanapasuka, na humo vinatoka vigari vidogo vinavyokimbilia chini ya gari kubwa kama vifaranga kwa mama yao. Kusema kweli, uso wake haukuwa na mvuto wa Keaton. Ubunifu ndio uliombeba. Sauti ilipoingia alitoa It's a Bird mwaka 1930, ambayo mshairi Mfaransa André Breton aliisifu, lakini umaarufu haukumfuata. Alifariki mwaka 1946, na baadaye filamu zake ziliibuliwa upya na hifadhi ya filamu ya Toulouse, nchini Ufaransa, ambako watazamaji walikuwa wakimjua kwa jina la Bricolo.