Nafuu ya deksamethasoni isiwafanye muache mionzi

SWALI: Daktari, mume wangu ana miaka 54. Alianza kuamka na maumivu ya kichwa, anatapika alfajiri, na yeye aliyekuwa mpole akawa mkali kwa watoto. Tulidhani ni mawazo ya kazi mpaka alipoanguka degedege. Amefanyiwa upasuaji, majibu ya kinyama kilichokatwa na kupimwa yanasema glioblastoma, saratani ya ubongo, daraja la 4, la juu kabisa. Tangu aanze vidonge vya deksamethasoni anakula, anacheka, mkono wa kulia umepata nguvu. Daktari aliyempasua alisema ametoa uvimbe wote alioweza kuuona. Ndugu zake wanasema amepona, mionzi itammaliza bure. Tufanye nini? Na ana muda gani?

JIBU: Dada yangu, msiikatae mionzi kwa sababu ya nafuu hiyo. Huanza wiki chache tu baada ya upasuaji, kidonda kikishafunga.

Nafuu ni ya kweli, ila si saratani iliyoondoka. Uvimbe huu hujaza maji nyama ya ubongo inayouzunguka, na fuvu halitanuki. Kubanwa huko ndiko huleta kichwa cha asubuhi, matapishi, mkono kulegea. Deksamethasoni hupunguza maji hayo, mara nyingi ndani ya siku chache. Seli zenyewe zimebaki. Tafadhali asiiache ghafla, maana hupunguzwa kidogo kidogo kwa maelekezo ya daktari. Aimeze asubuhi, la sivyo atakesha, na apimwe sukari.

Kuhusu ukali, waambie watoto kwamba baba hakuacha kuwapenda. Uvimbe ukigusa sehemu ya mbele ya ubongo hubadili tabia, na deksamethasoni nayo inaweza kuongeza hasira.

Daktari wa upasuaji amesema kweli: ametoa alichokiona. Lakini glioblastoma haina ukingo, seli zake hupenya kama mizizi kwenye nyama ya ubongo yenye afya, na kuzifuata zote ni kukata usemi na mwendo wa mtu. Ndiyo maana kwa mtu wa umri wake mwenye nguvu hutolewa mionzi mara 30 kwa wiki 6, pamoja na temozolomaidi, dawa ya saratani, kila siku. Baada ya mapumziko, dawa hiyo huendelea siku 5 katika kila siku 28, kwa kawaida mizunguko 6. Atachoka, nywele zitanyonyoka pale mionzi inapopita, na damu itapimwa mara kwa mara.

Muda? Sitakuficha: ugonjwa huu hutibiwa, lakini kupona kabisa ni nadra mno. Katika utafiti mkubwa uliochapishwa 2005, nusu ya waliopata mionzi na temozolomaidi waliishi zaidi ya miezi 14.6, kwa mionzi peke yake ilikuwa miezi 12.1. Waliofika miaka 2 walikuwa takriban asilimia 26 dhidi ya 10. Kwa hao 26 katika kila 100 ndipo ninapoona sababu ya kutibiwa. Ulizeni pia kama kinyama kimepimwa jeni iitwayo MGMT, kwa kuwa majibu yake huonyesha nani atanufaika zaidi na dawa.

Umenieleza wanavyosema ndugu, hukuniambia yeye anasemaje. Sasa akili yake imetulia. Mwelezeni yote, aamue mwenyewe, na aseme anavyotaka ahudumiwe siku atakaposhindwa kusema.

Degedege ikirudi, mlazeni ubavu, msimtie kitu mdomoni. Ikipita dakika 5, au akilala fofofo bila kuamka, mkimbizeni hospitali hata kama ni usiku.