Walikula raha Nungwi, hela yangu hawarudishi. Nikachukue RB polisi?

SWALI: Wakili, habari za kazi. Mwezi wa nane nilisimamia safari ya Nungwi ya kumuaga rafiki yetu kabla ya send-off yake. Tulikuwa tumepanga kwenda wanane, bibi harusi akiwemo. Nyumba kwa siku tatu, boti kwenda na kurudi, gari, mapambo na keki vilifika 2,520,000, na nililipa zote mimi ili tuwahi nafasi. Kwenye grupu la WhatsApp tulikubaliana bibi harusi asilipe, sisi saba tugawane, 360,000 kila mmoja; baadhi walijibu kwa alama ya kidole gumba tu. Watatu wameshanirudishia. Waliobaki, mmoja alituma laki moja akanyamaza. Wa pili alijitoa siku mbili kabla, anasema hadaiwi kwa kuwa hakusafiri. Wa tatu anasema alijua ni zawadi yangu kwa bibi harusi, na ametoka kwenye grupu. Hatukuandikishana popote. Jamaa mmoja anayejua sheria ameniambia nikachukue RB, yaani namba ya taarifa ya polisi, niwashtaki kwa utapeli, na yeye ataniandalia mkataba wa tarehe ya nyuma wenye muhuri. Anataka 150,000. Nifanyeje? (Msomaji, Tabata)

JIBU: Dada, huyo jamaa mpe pole kwa usumbufu na hela yako ibaki mfukoni. Una madai mazuri, yanayoweza kufika 980,000, na yeye anataka kuyageuza kuwa kesi mbaya ya jinai, ambayo mshtakiwa wa kwanza unaweza kuwa wewe.

Nianze na hili la RB maana ndilo linalonichosha. Haipiti wiki bila mtu kuniambia, "Wakili, nimeshafungua jalada, amenidhulumu hela yangu." Nikimuuliza amedhulumiwaje, hadithi ni ileile: alimkopesha shemeji, alimlipia mwenzake, mwenzake hajalipa. Hilo ni deni. Mtu asiyelipa deni anakera, lakini si tapeli kwa sababu hiyo tu. Kanuni ya Adhabu (Sura ya 16 ya Sheria za Tanzania) inapozungumzia kujipatia mali kwa udanganyifu inahitaji uongo kuhusu jambo lililokwisha kuwapo au lililopo, na msemaji awe anajua ni uongo au haamini kuwa ni kweli. "Mshahara ukitoka nitakutumia" ni ahadi ya mbele. Mshahara ukitoka akaenda kununua gauni la send-off, amevunja ahadi, basi. Angekutumia meseji ya muamala ya kughushi ili uamini ameshalipa, hapo ningekushauri vingine.

Sikatai kwamba wapo waliolipwa kaunta ya kituo. Mdaiwa akiitwa anaogopa, anampigia mjomba, hela inapatikana. Hao ndio wanaowaponza wenzao kwa kusimulia. Hawasimulii wale ambao mdaiwa wao alikuja na wakili, akauliza kosa ni lipi, jalada likalala. Wala hawasimulii zile karatasi za "nitalipa ndani ya siku saba" zinazosainiwa mtu akitishwa mahabusu. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inataka ridhaa ya hiari. Makubaliano yaliyotolewa kwa vitisho, aliyetishwa anaweza kuyakataa, na wewe unabaki na karatasi isiyokusaidia pamoja na uadui mpya.

Sasa hilo la "hatukuandikishana". Nani aliwafundisha watu kwamba bila karatasi yenye muhuri hakuna deni? Ile sheria ya mikataba inatambua makubaliano ya mdomo. Muhuri wa wakili unathibitisha kwamba aliyesaini ndiye aliyesaini. Deni halizaliwi na wino wa muhuri. Deni lako lilizaliwa pale mlipokubaliana kwenye grupu, ukalipa, wenzako wakapanda boti. Umeniambia baadhi walijibu kwa kidole gumba tu. Kidole gumba peke yake singekiegemea sana, lakini kidole gumba kikifuatiwa na begi bandarini na picha za machweo ya Nungwi, hakimu yeyote ataelewa mwenye kidole alikubali nini.

Huo mkataba wa tarehe ya nyuma ndio hatari halisi katika barua yako. Kutengeneza hati ya uongo ili ionekane ilikuwapo siku ambayo haikuwapo ni kughushi. Una ushahidi wa kweli kwenye simu, kwa nini uuchafue na karatasi ya uongo? Siku mmoja wao akisema hajawahi kuisaini, hata meseji zako za kweli zitatiliwa shaka.

Tuje kwa watu wako watatu, kwani hawafanani.

Wa laki moja ndiye mwepesi kuliko wote. Kulipa sehemu ni dalili kubwa kwamba anajua anadaiwa. Anabaki na 260,000.

Wa zawadi yuko kwenye eneo ambalo watu huchanganya. Ahadi ya mchango wa harusi kwa kawaida ni zawadi: mtu akiahidi kamati laki mbili asizitoe, mahakamani huna kitu, utamkosea adabu tu. Lakini wewe hukuahidiwa mchango. Ulimlipia mtu nafasi yake ya kulala na tiketi yake. Kifungu cha 70 cha sheria hiyo hiyo kinasema mtu akimfanyia mwenzake jambo halali bila nia ya kulifanya bure, na mwenzake akafaidi, anapaswa kulipa fidia. Meseji yako ya kwanza yenye hesabu ya 360,000 inaonyesha hukukusudia bure. Kutoka kwenye grupu hakufuti kitu. Anachoweza kubishia ni sehemu ya bibi harusi. Bila makubaliano yale, fungu la kila mtu lingekuwa 315,000, kwa hiyo tafuta ile meseji ya kumsamehe bibi harusi; 45,000 kwa kila mdaiwa inaitegemea hiyo.

Aliyejitoa ana hoja nusu. Nyumba ulishailipia kwa kumhesabu naye, na kama mwenye nyumba hakurudisha kitu, fungu lake la nyumba anadaiwa. Tiketi ya boti inategemea: kama ulirudishiwa au aliitumia mtu mwingine, mtoe. Keki na mapambo ya shughuli ambayo hakuhudhuria, mimi ningeyaachia. Ukidai kidogo chenye ushahidi unaaminika kuliko ukidai vyote.

Usifute chochote. Kupiga picha za skrini hakutoshi. Hamisha (export) mazungumzo yote ya grupu yawe faili, yenye tarehe na namba za simu, na simu yenyewe uitunze. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 iliondoa ule ubishi wa kwamba meseji si ushahidi. Ongeza taarifa ya miamala kutoka kampuni ya simu na risiti za nyumba na boti. Kisha mwandikie kila mmoja barua yake, kwa Kiswahili cha kawaida, bila matusi: kiasi, kilitokana na nini, alipe lini na kwa namba ipi. Wiki mbili zinatosha. Barua hiyo haihitaji wakili.

Akikaidi, nenda Mahakama ya Mwanzo ya eneo anakoishi. Inasikiliza madeni ya mikataba yasiyozidi milioni 30, kwa Kiswahili, na kanuni zake za ushahidi ni nyepesi kuliko za mahakama za juu. Kwa kuwa kila mmoja anadaiwa fungu lake, fungua madai matatu. Muda unao, miaka 6 kwa madai ya mkataba. Mimi mwenyewe kesi hii singeichukua: ada ya wakili ingemeza hela yako, na kazi yenyewe unaiweza.

Jambo moja hukuliuliza, ila nalijua linakuja. Ukikasirika usibandike picha zao mtandaoni na maneno "wadaiwa sugu". Kumtumia mtu ujumbe wa kielektroniki kwa nia ya kumtisha au kumsumbua ni kosa chini ya Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, na faini yake haishuki chini ya milioni 5. Nimeona mdai wa laki tatu akibembeleza asamehewe na mdaiwa wake.

Na huyo anayejua sheria, muulize jina lake kamili ulitafute kwenye mfumo wa e-Wakili wa Mahakama. Inachukua dakika moja. Vishoka, yaani mawakili bandia, wamejaa nje ya mahakama na vituo vya polisi, wana mihuri mfukoni, na wateja wao huja kwetu jalada likishaharibika, wakiwa na hati za kughushi zenye saini zao. Hapo swali huwa limeshahama kutoka kwenye deni, tunaanza kutafuta dhamana.